Kadi Nyekundu kwa Shikamoo

Niliripoti ofisi ya mkoa wa Katavi, Mpanda, Jumatatu moja asubuhi, nikitokea kufundisha michezo katika shule ya msingi huko Misunkumilo. Mkoa ulikuwa bado mchanga. Milango ilinuka rangi na maofisa wengine walikaa wawili kwenye meza moja. Afisa Elimu wa Mkoa, mama wa maneno machache ambaye alikuwa bosi wangu wa kwanza katika kazi hii, alinikabidhi mafaili manne. La mpira wa miguu lilikuwa nene hata likafungwa kwa kamba ya katani. La riadha na la netiboli yalikuwa ya wastani. La nne lilikuwa na karatasi moja tu.

"Hili nalo ni la kwako," aliniambia. "Michezo ya chini ya maji. Chama cha taifa kinataka kila mkoa uwe na katibu. Unajua kuogelea?"

"Kidogo, mama. Nilisomea Kigoma."

"Basi katibu ni wewe. Wengine humu wanajua kuvuka mto tu, na hata hapo macho yakiwa kwa mamba."

Kwa namna hiyo nikawa katibu wa michezo ya chini ya maji wa mkoa, cheo nilichokishika miaka kumi na moja mpaka nilipostaafu, na ambacho kimenipa hasira kuliko kazi nyingine yoyote niliyowahi kufanya. Watu wakiniuliza inakuwaje mtu akasirikie mchezo ambao wao hawajawahi hata kuuona, huwa nawaambia wakae chini kwanza. Leo nawaambia na ninyi vijana mnaoanza kazi za uongozi wa michezo, mjue kazi hii ilifanywaje wakati wetu na iliharibikia wapi.

Nianze na mchezo wenyewe. Michezo ya chini ya maji iko ya aina nyingi. Kuna kuogelea kwa mapezi, ambapo mtu anavaa miguuni kitu kama mkia wa samaki na kushindana kwa kasi. Kuna hoki inayochezwa kwenye sakafu ya bwawa kwa vijiti vifupi, na hiyo mimi nimeiona kwenye simu tu. Halafu kuna ule uliokuja kuwa wetu, kupiga mbizi kwa pumzi moja. Hapo hakuna mtungi wa hewa. Kamba inashushwa majini kutoka kwenye boya, mwisho wake umefungwa uzito, na kwenye kina alichokitangaza mshindani mapema panawekwa vibao vidogo. Mshindani anavuta pumzi, anashuka akifuata kamba, anachukua kibao kimoja na kurudi nacho. Karibu na juu anapokewa na mzamiaji wa usalama, kwa sababu hatari kubwa ya mchezo huu haiko kule chini gizani kama watu wanavyodhani. Iko juu, hatua chache kabla ya hewa, ambapo mtu anaweza kuzirai ghafla bila hata kujua kwamba amezirai.

Kwa ajili hiyo kuna kitu kinaitwa utaratibu wa kuibuka. Kishikeni vizuri, maana ndicho kilicholeta yote nitakayoeleza. Mshindani akitoa kichwa majini ana sekunde kumi na tano. Avue miwani, aoneshe kwa vidole alama ya duara, aseme "Niko salama." Mambo matatu, kwa mpangilio huo, bila kuchomeka kingine. Akitimiza, jaji anainua kadi nyeupe na kina chake kinahesabiwa. Akikosea, anapewa nyekundu, na hapo ni kama hakuwahi kuingia majini. Sababu yake ni nzuri na sina ugomvi nayo. Mtu ambaye ubongo wake umekosa hewa hawezi kufuata mambo matatu kwa mpangilio. Utaratibu ule unapima kama akili iko macho.

Ile karatasi moja kwenye faili ilisema kwamba chama kitatuma mkaguzi wa kutambua maji ya mkoa. Bila maji yaliyokaguliwa, mkoa haukuweza kusajili wanamichezo. Mkaguzi akaja kwa treni, akapanga nyumba ya wageni karibu na stesheni, akauliza bwawa la mita ishirini na tano liko wapi. Nikamwambia bwawa hatuna, lakini pikipiki ninayo, twende Ikola nikakuoneshe Ziwa Tanganyika. Ilikuwa masika. Alitazama mawingu, akatazama barabara, halafu akatazama viatu vyake. Baada ya wiki chache nikapokea ripoti, na ninayo mpaka leo. Imeandikwa: "Mkoa hauna maji yanayotambulika."

Jamani, lile ziwa ukiunga kamba zote zilizomo katika maduka ya Mpanda hufiki chini yake. Watu wanazaliwa kando yake, wanakula migebuka yake, wanazikwa wakilitazama. Lakini mtu aliyeogopa kuchafua viatu ameandika kwamba halipo. Niliipeleka ripoti kwa Afisa Elimu. Aliisoma mara mbili.

"Waandikie," alisema, "kwamba ziwa linaomba kutambulishwa."

Niliandika, ingawa sikuthubutu kutumia maneno yake. Nilimwandikia Katibu Mkuu wa chama cha taifa, ambaye ndiye aliyekuwa mkubwa wangu katika mambo ya maji. Huyu alikuwa bwana mtanashati, mzungumzaji, mwenye mihuri mitatu mezani. Kwa miaka yote niliyomfahamu sikuwahi kumwona ameloa, hata kwa mvua. Alinijibu kwamba wakati suala letu linashughulikiwa tutakuwa wanachama watazamaji. Maana yake tunaalikwa mkutano mkuu, tunakaa viti vya nyuma, tunasikiliza, na wakati wa kupiga kura tunatoka nje. Mikoa yenye mabwawa ndiyo iliyopiga kura na kutunga kanuni. Sisi wenye ziwa tulisubiri kwenye veranda.

Hata hivyo watazamaji waliruhusiwa kupeleka vijana kwenye kozi. Mwaka wa tatu nikapeleka watatu kutoka kikundi nilichokianzisha Ikola. Walisafiri siku mbili kwa basi na treni, wakafika pwani wamechoka, na asubuhi yake wakampita Katibu Mkuu mlangoni mwa bwalo la chakula. Hawakumjua. Mchana aliniita.

"Katibu wa Katavi, vijana wako wametoka porini?"

"Wametoka Ikola, mheshimiwa."

"Wamenipita kama wanapita mti. Mchezo ni nidhamu. Mwanamichezo asiyejua kusalimia viongozi simtaki katika timu yangu ya taifa. Nenda kawafunze."

Niliona aibu kubwa. Mimi nimelelewa Mpanda mjini, dukani kwa marehemu baba, ambako mtoto aliyepita bila kusalimia alirudishwa mlangoni aingie upya. Kuambiwa vijana wangu hawana adabu kuliniuma kuliko lile la maji kutotambulika. Nikarudi Ikola nikawafunza. Mkubwa yeyote mwenye beji, niliwaambia, msalimieni kabla hamjafanya lolote. Na msisalimie juujuu kama watu wa mjini. Kwetu, kuanzia Mpimbwe mpaka ziwani, mdogo akimsalimia mkubwa anakunja goti na kupiga makofi mawili matatu mepesi. Nikasema fanyeni hivyo hivyo, waone kwamba tumelelewa.

Restituta aliingia kikundini kwangu akiwa na miaka kumi na saba. Baba yake alikuwa mtu wa Usevya, mkulima wa mpunga aliyehamia Ikola na kununua nyavu. Nilimkuta mzee huyo ufukweni akitatua kamba, nikamuuliza kama kweli nilivyosikia, kwamba binti yake anapiga mbizi kuliko wavulana.

"Wavu ukinasa mwambani nikimtuma mwanaume ananiletea habari," alinijibu. "Nikimtuma huyu ananiletea wavu."

Nilimuona akishuka siku hiyo hiyo. Hakuwa na papara. Wengi wanapigana na maji, yeye alikuwa anakwenda kama mtu anayeingia chumba cha ndani kuchukua kitu alichokiweka mwenyewe. Tulimfanyia mazoezi kwa miaka miwili. Kamba yetu ilikuwa ya nailoni, kila mita nimefunga kipande cha kitenge. Uzito ulikuwa jiwe ndani ya kiroba. Nilimfundisha kusawazisha masikio, yaani kubana pua na kusukuma hewa ili uzito wa maji usipasue ngoma ya sikio, ingawa kwa kweli aliijua kazi hiyo kabla sijaipa jina. Utaratibu wa kuibuka alirudia mpaka ukawa kama kufumba jicho. Miwani, alama, neno. Aliyekuwa anashika saa na kujifanya jaji ni binamu yake, msichana wa rika lake.

Hapo ndipo penye kosa langu, na siwezi kuwasema wengine kabla sijalisema. Utaratibu niliufundisha majini. Salamu niliifundisha nchi kavu. Kwa miaka miwili Restituta aliibuka mbele ya msichana mwenzake, ambaye si wa kupewa shikamoo. Haikunijia hata mara moja kwamba siku ya mashindano atakayekuwa ameinama ukingoni mwa boti atakuwa mtu mzima, mwenye mvi na beji.

Baada ya barua nyingi mkaguzi mwingine alikuja, huyu akiwa na gambuti, na ziwa likatambulika. Chama kikakubali kufanya mchujo wa kanda ya magharibi Ikola kwenyewe. Wa kwanza kwa wanawake alikuwa anaingia timu ya taifa kwenda mashindano ya Afrika. Kijiji kizima kilitoka. Wafanyabiashara walifunga maduka Mpanda na kuja na magari yao. Katibu Mkuu alikaa chini ya turubai ufukweni. Jaji Mkuu, mzee mstaafu aliyekuwa mzamiaji wa bandari enzi zake, mwenye nywele nyeupe pee, alikuwa kwenye boti kando ya boya. Mimi nilikuwa boti ya pili, hatua chache kutoka kwake, pamoja na baba yake Restituta.

Washindani wenzake walikwisha kushuka. Aliyekuwa anaongoza alifika mita thelathini na moja. Restituta alitangaza thelathini na nane. Akavuta pumzi, akazama. Nilihesabu moyoni kama ninavyofanya siku zote, na nilipofika mahali ambapo huwa naanza kuogopa, niliona mzamiaji wa usalama anainua kidole gumba. Kichwa kikatoka majini. Kibao kilikuwa mkononi. Akavua miwani vizuri kabisa. Halafu akainua macho, akamwona mzee.

Akaachia kamba, akapiga makofi matatu mepesi juu ya maji, akasema, "Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu," mzee akamjibu.

Ndipo akaonesha alama ya duara na kusema, "Niko salama." Saa ya mtunza muda ilionesha sekunde tisa. Alikuwa na sita za ziada. Watu walianza kupiga vigelegele. Jaji Mkuu alitazama karatasi yake kwa muda, akatazama ufukweni kwenye turubai, kisha akainua kadi nyekundu.

Baba yake Restituta alinishika mkono. "Mwalimu, huyo mtoto amesalimia. Kosa lake nini?"

Nilimwambia mvuta kasia atusogeze. Nilisimama ndani ya boti, jambo ambalo nimewakataza watu maisha yangu yote, nikamuuliza Jaji Mkuu mbele ya kila aliyekuwa na masikio kama utaratibu ule si wa kupima akili iliyo macho. Akasema ndiyo. Nikamuuliza kama mtu aliyezirai anaweza kumtambua mkubwa wake, kumpigia makofi na kumpa shikamoo. Akasema, "Kanuni inakataza neno lingine lolote, Mwalimu." Nikamwambia, "Na wewe uliitikia. Kama hukuiona salamu kuwa salamu, marahaba yako ulimpa nani? Mtu anayeitikia salamu halafu anamwadhibu aliyemsalimia, kwetu hapewi hata kiti."

Lile la kiti lilikuwa neno zito kumwambia mzee, na nililisema kwa sauti. Ufukweni Katibu Mkuu aliandika kitu kwenye daftari lake. Nilipomfuata kukata rufaa alikuwa mtulivu kabisa.

"Rufaa inawasilishwa ndani ya saa moja, kwa fomu maalumu," alisema.

"Nipe fomu."

"Ziko ofisini."

Ofisi iko pwani, safari ya siku mbili. Niliandika rufaa kwenye karatasi ya daftari la shule, akairudisha bila kuisoma. Mtu huyu huyu ndiye aliyenituma nikawafunze vijana kusalimia. Nilimkumbusha. Akasema nidhamu ina mahali pake. Nimejaribu mara nyingi kuyasamehe maneno hayo na nimeshindwa. Yule wa mita thelathini na moja ndiye aliyekwenda mashindano ya Afrika, na simlaumu, alishuka kihalali. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Lakini haki ya Restituta ilikuwa mita saba chini ya pale, na alikuwa ameishika mkononi.

Mwezi uliofuata barua ikaja. Mkoa wetu umefungiwa kwa sababu ya lugha ya kumdhalilisha jaji, mpaka katibu aliyetenda kosa aombe radhi kwa maandishi, kwa jina lake na saini yake. Nikaisoma nikacheka. Niombe radhi mimi? Nikawajibu kwa mstari mmoja kwamba nasubiri kuombwa.

Mpanda nzima ilinisifu. Pale sokoni, kwenye benchi la kahawa ambako wenye maduka wanakaa baada ya swala ya alasiri, nilikuwa sinunui kahawa yangu. "Mwalimu, umewakomesha," waliniambia, na mimi nilikuwa nasimulia upya, kila mara sauti yangu ikiwa kubwa zaidi na ya Katibu Mkuu ikiwa nyembamba zaidi. Restituta nilimwambia avumilie, haki haiombi radhi. Akasema, "Sawa, Mwalimu." Kila wiki alikuwa anashuka kwenye kamba yetu ya vitenge, binamu yake ameshika saa, bila mashindano yoyote mbele yake. Mwaka wa kwanza ukapita hivyo, na wa pili. Nikastaafu. Waliniaga vizuri kwa soda na hotuba, na mrithi wangu akakabidhiwa mafaili. Lile la maji alilikuta limefungwa, na ufunguo wake ulikuwa saini yangu, ambayo niliondoka nayo nyumbani.

Mwaka wa tatu, mwezi wa mavuno, nilikuwa shambani kwangu Misunkumilo navunja mahindi. Nikamwona Restituta anakuja kwenye njia ya kati. Alikuwa amepata lifti ya gari la dagaa kutoka Ikola. Alinisalimia kwa goti na makofi kama kawaida, nikamletea ndoo akae.

"Mwalimu, mimi nina jambo. Naomba usikasirike."

"Sema."

"Sasa hivi nina miaka ishirini na mbili. Siku ile walininyima wao, nilielewa. Hii miaka mitatu ananinyima nani?"

Nilimwambia kwamba wanaomnyima ni wale wale. Nilianza kumweleza kuhusu haki, na kuhusu kanuni, na kuhusu barua. Akanisikiliza mpaka nikamaliza, maana ndivyo alivyolelewa.

"Nyie wakubwa mnajua mambo ya haki," alisema. "Mimi sikuombi useme walikuwa sawa. Nakuomba uandike tu. Wewe una jina lako, Mpanda nzima wanakuheshimu. Mimi nina pumzi, na pumzi haikai miaka. Mchujo ni mwezi wa kumi."

Nikamwambia nitafikiri. Akasema sawa, akainuka, akanisaidia kuvunja mahindi mistari miwili kabla ya kwenda kutafuta gari la kurudi. Mimi nilibaki na hasira, lakini kwa mara ya kwanza sikujua niielekeze wapi. Wahenga walisema hasira hasara, na mimi nilikuwa nayo yote, ila hasara nilimwachia mtoto wa mtu.

Kesho yake niliandika. Niliandika kwamba mimi, jina langu kamili, nilikosea kuhoji uamuzi wa jaji. Kwamba uamuzi ule ulikuwa sahihi. Kwamba najutia usumbufu uliokipata chama. Kila sentensi ilinitoka kwa maumivu kama jiwe la figo. Nikaweka saini, nikaipeleka posta kwa mkono wangu. Ofisi ambayo ilishindwa kujibu barua zangu kwa miaka ilijibu hii kwa siku nne. Mkoa ulifunguliwa. Na ndani ya bahasha, kwa ukarimu wao, wakatuwekea kitabu kipya cha kanuni.

Nilikisoma siku hiyo hiyo, mahali pa kwanza kabisa pakiwa utaratibu wa kuibuka. Kuna kifungu kimeongezwa. Kinasema salamu ya heshima kwa jaji haitahesabiwa kuwa kosa, ilimradi mshindani amekamilisha mambo matatu ndani ya muda. Pembeni kuna maelezo ya lini kilipitishwa. Kilipitishwa mkutano mkuu uliofuata baada ya Ikola. Yaani walijua. Wakati sisi tumefungiwa kwa kusema vile, wao walikuwa wamekwisha kuyaandika tuliyoyasema na kuyapigia kura.

Nilitafuta namba ya Jaji Mkuu nikampigia. Hakukata simu.

"Kifungu hicho niliandika mimi," alisema. "Niliomba na matokeo ya yule binti yarekebishwe. Katibu Mkuu akasema tukirekebisha tutakuwa tumekiri."

"Na wewe ukanyamaza, mzee?"

"Nilinyamaza."

Huyo nilimwomba radhi ya kweli kwa lile neno la kiti, akaipokea, na yeye akaniomba ya kwake. Tumebaki tukijuliana hali. Ni mzee mwadilifu aliyekuwa chini ya watu wasio waadilifu, na katika utumishi nimewaona wengi wa namna hiyo, hata mimi siku nyingine nimekuwa mmoja wao.

Vijana, kanuni ni kitu kizuri. Kamba ya kina bila kanuni ni kamba ya kunyongea. Lakini kanuni ya mchezo itungwe na watu walioloa, na ikionekana ina tundu, aliyeumizwa na tundu hilo awe wa kwanza kuambiwa. Ofisi ya michezo isiyoweza kusema "tulikosea" haina tofauti na mshindani anayebishana na hewa. Mtakutana na Katibu Mkuu wenu, kila kizazi kina wake. Bishaneni naye, lakini kila jioni ulizeni ni nani anayelipia ubishi wenu.

Restituta alishuka mwezi wa kumi, katika ziwa lile lile, mita arobaini na moja, na akapewa nyeupe. Orodha ya timu ya taifa ilitoka Jumanne iliyopita, jina lake la pili kutoka juu. Majina yamekwisha kupelekwa kwa waandaaji, na kwa kanuni zao wenyewe yakishapelekwa hayabadilishwi. Nilikuwa nasubiri hilo tu. Kwa hiyo leo natangaza kwamba ile barua ya kuomba radhi niliiandika mimi, saini ni yangu, na hakuna sentensi hata moja ndani yake ninayoiamini. Uamuzi ule haukuwa sahihi. Sijutii usumbufu wao. Wakitaka kunifungia wanifungie, mimi ni mstaafu, navunja mahindi.

Radhi ninayodaiwa ni moja, na sikuiweka kwenye bahasha. Niliipeleka Ikola mwenyewe, nikaitamka mbele ya baba yake: nisamehe, Restituta, kwa miaka mitatu ya pumzi yako niliyoitumia mimi kunywea kahawa ya bure.